Kalenda Mbili za Mkulima wa Ufipa: Lini na Wapi pa Kuulizia Fedha za Umma

Na Mwandishi Wetu, Sumbawanga

Mkulima wa uwanda wa juu wa Ufipa anaijua kalenda yake bila kuandikiwa. Mvua za kwanza huanguka Novemba, mbegu ya mahindi huingia ardhini kati ya Novemba na Desemba, palizi hufuata Januari, maharage hupandwa mvua zikielekea ukingoni, na kuanzia Mei hadi Julai ni msimu wa kuvuna, kupukuchua na kutafuta soko. Anayechelewa kupanda kwa wiki chache hulipia uchelewaji huo mwaka mzima.

Ipo kalenda ya pili ambayo humgusa mkulima huyo huyo, nayo ni kalenda ya fedha za umma. Huanza Julai 1 na kuishia Juni 30 ya mwaka unaofuata. Ndani yake huamuliwa iwapo boma la zahanati lililoanzishwa kwa nguvu za wananchi litapauliwa, iwapo shule itapata madarasa mapya, na iwapo barabara ya kutolea mazao shambani itachongwa kabla ya masika. Wananchi wengi huikuta kalenda hii ikiwa imekwisha kupita. Husikia habari za mradi siku lori la mchanga linapowasili, na huuliza kuhusu fedha siku ujenzi unaposimama. Swali lililoulizwa wakati huo lina haki ya kujibiwa, lakini limechelewa kama mahindi yaliyopandwa Februari.

Makala haya yanaeleza haki ya mwananchi ya kupata taarifa inatoka wapi, taarifa ipi hupatikana wakati gani wa mwaka, na hatua za kuchukua pale ambapo jibu halitolewi.

Msingi wa haki hii

Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977, katika ibara ya 8, inawatambua wananchi kuwa ndio msingi wa mamlaka yote, na kuitaka Serikali iwajibike kwao. Ibara ya 18 inampa kila mtu uhuru wa maoni pamoja na haki ya kupewa taarifa wakati wote kuhusu matukio muhimu kwa maisha na shughuli za wananchi na masuala muhimu kwa jamii. Ibara ya 145 na ya 146 zinaweka serikali za mitaa na kueleza kuwa madhumuni yake ni kupeleka madaraka kwa wananchi.

Ibara hizo mbili za mwisho zina historia inayouhusu Mkoa wa Rukwa kwa karibu. Mwaka 1972 mamlaka za serikali za mitaa zilivunjwa na nafasi yake kuchukuliwa na mfumo uliojulikana kama Madaraka Mikoani. Rukwa ilianzishwa kuwa mkoa mwaka 1974, katikati ya kipindi hicho, hivyo ilizaliwa bila mabaraza ya madiwani. Sheria za Serikali za Mitaa za mwaka 1982, yaani Sheria Na. 7 kwa mamlaka za wilaya, Na. 8 kwa mamlaka za miji na Na. 9 ya fedha, ndizo zilizorejesha mamlaka hizo, na mabaraza yakaanza kazi tena mwaka 1984. Leo mkoa una halmashauri nne: Manispaa ya Sumbawanga, Halmashauri ya Wilaya ya Sumbawanga yenye makao yake Laela, Kalambo yenye makao Matai, na Nkasi yenye makao Namanyere.

Kwa upande wa taarifa zenyewe, Bunge lilitunga Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa Na. 6 ya mwaka 2016. Sheria hiyo inampa raia haki ya kuomba na kupewa taarifa iliyo mikononi mwa taasisi ya umma, na pia mikononi mwa taasisi binafsi inayotumia fedha za umma. Kwa maana hiyo, mwananchi anayeuliza kijiji kimepokea kiasi gani haombi fadhila kwa mtendaji.

Kwa nini karatasi ya ukutani ina uzito

Huenda msomaji akajiuliza kama karatasi iliyobandikwa kwenye ubao wa matangazo inaweza kubadili lolote. Jirani zetu wa Uganda walilijibu swali hilo kwa njia iliyowagharimu. Uchunguzi wa shule za msingi uliofanyika nchini humo ulibaini kuwa, kati ya mwaka 1991 na 1995, shule zilipokea kwa wastani asilimia 13 tu ya ruzuku ya uendeshaji iliyotolewa na Serikali Kuu. Sehemu kubwa iliyobaki iliishia njiani, kwenye ngazi ya wilaya, na walimu wakuu na wazazi wengi hawakujua hata kuwa kulikuwa na fedha za kuulizia.

Serikali ya Uganda ilianza kuchapisha magazetini kiasi kilichotumwa kila wilaya, na kuzitaka shule na ofisi za wilaya kubandika kiasi zilichopokea. Kufikia mwaka 2001, zaidi ya asilimia 80 ya ruzuku ilikuwa ikifika shuleni. Watafiti wamejadiliana kuhusu kiasi ambacho matangazo hayo pekee yalichangia, kwa kuwa mageuzi mengine yalifanyika katika kipindi hicho hicho. Hata hivyo, jambo moja katika matokeo hayo lina funzo kwa mkoa kama Rukwa: shule zilizokuwa karibu na mahali magazeti yalipouzwa zilipata nafuu kubwa zaidi kuliko zilizokuwa mbali. Fedha ilikuwa ile ile na sheria ilikuwa ile ile. Kilichotofautiana ni umbali kati ya taarifa na mtu anayeihitaji.

Umbali huo unajulikana vema Ufipa. Mkazi wa Muze au Mtowisa, katika bonde la Ziwa Rukwa, hulazimika kuukwea ukingo wa Lyamba lya Mfipa ili afike Sumbawanga mjini, kisha aendelee na safari hadi Laela yalipo makao ya halmashauri yake. Mkazi wa Kirando, mwambao wa Ziwa Tanganyika, naye hupanda kutoka ziwani hadi Namanyere. Nauli ya safari ya aina hiyo, pamoja na siku ya kazi iliyopotea, ni gharama inayoweza kumnyamazisha mtu mwenye swali halali. Ndiyo sababu mahali pa kwanza pa uwazi ni ofisi ya kijiji.

Julai hadi Septemba: kujua kilichoidhinishwa

Mwaka wa fedha unapoanza Julai, bajeti ya halmashauri huwa imekwisha kupitishwa. Huu ndio wakati wa kuuliza swali la kwanza: katika mwaka huu, kijiji au mtaa wetu umetengewa nini, kiasi gani, na kutoka chanzo kipi? Vyanzo huwa vitatu kwa kawaida, yaani fedha kutoka Serikali Kuu, mapato ya ndani ya halmashauri, na nguvu za wananchi. Kuvitofautisha kuna faida, kwa sababu fedha ya Serikali Kuu inapochelewa, anayepaswa kueleza sababu ni tofauti na yule anayepaswa kueleza ushuru wa mazao umetumikaje.

Kipindi hiki pia ndicho ambacho ushuru huo hukusanywa kwa wingi, mahindi yanapotoka mashambani kuelekea sokoni, kwa wafanyabiashara na kwenye vituo vya Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula. Kila anayelipa ushuru au tozo anapaswa kupewa stakabadhi ya kielektroniki inayoonyesha kiasi alicholipa. Stakabadhi hiyo ni nyaraka ya uwazi iliyo ndogo kuliko zote. Malipo yasiyo na stakabadhi hayamo katika hesabu yoyote, na hakuna mkaguzi atakayeyaona baadaye.

Katika robo hii ya mwaka mwananchi anaweza pia kuulizia mikopo inayotokana na asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri. Sehemu nne kati ya hizo kumi ni za vikundi vya wanawake, nne za vijana na mbili za watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo ilisitishwa mwaka 2023 ili kuweka utaratibu mpya na ikarejeshwa mwaka 2024. Maswali yanayofaa ni kiasi kilichotengwa, masharti ya kuomba, na vikundi vilivyonufaika.

Oktoba hadi Desemba: kusema tunachotaka

Hiki ni kipindi kigumu kwa mkulima. Wakati vijiji na mitaa inaibua vipaumbele vya mwaka ujao wa fedha, mvua nazo zinaanza na kila mwenye jembe yuko shambani. Mkutano unapoitishwa asubuhi ya siku ya kupanda, wanaohudhuria ni wachache, na uamuzi wa wachache huwafunga wote. Viongozi waliochaguliwa katika uchaguzi wa serikali za mitaa wa Novemba 27, 2024 wana wajibu wa kupanga siku na saa inayowezekana kwa watu wao, na wananchi wana haki ya kupendekeza siku hiyo.

Mkutano Mkuu wa Kijiji ndicho chombo cha juu kabisa cha maamuzi ya sera katika kijiji. Wajumbe wake ni wakazi wote wenye umri wa miaka 18 au zaidi. Halmashauri ya Kijiji, yenye wajumbe wasiopungua 15 na wasiozidi 25, hutekeleza shughuli za kila siku na kuwajibika kwa mkutano huo. Mikutano ya kawaida hufanyika kila baada ya miezi mitatu, na taarifa ya mapato na matumizi ni miongoni mwa mambo ya msingi katika ajenda zake.

Kwa wakazi wa Ufipa, ambako ardhi ndiyo mtaji wa kaya, kuna jambo jingine la kuzingatia. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya mwaka 1999 inaikataza Halmashauri ya Kijiji kugawa ardhi bila kupata kwanza idhini ya Mkutano Mkuu wa Kijiji. Inaitaka pia itoe taarifa katika kila mkutano wa kawaida kuhusu usimamizi wa ardhi ya kijiji na kuzingatia maoni ya wananchi. Kwa hiyo muhtasari wa mkutano ni kumbukumbu yenye nguvu kubwa. Unaeleza nani alihudhuria, nini kiliamuliwa na kwa idhini ya nani. Mgogoro wa mpaka au wa ugawaji unapoibuka miaka kumi baadaye, karatasi hiyo huweza kuwa ushahidi pekee uliobaki. Mwananchi ana sababu nzuri ya kuhakikisha kuwa muhtasari wa mkutano uliopita umesomwa na kuthibitishwa kabla ajenda mpya haijafunguliwa.

Januari hadi Machi: kufuatilia kinachojengwa

Bajeti ya mwaka ujao inapojadiliwa katika vikao vya halmashauri, miradi ya mwaka unaoendelea huwa katikati ya utekelezaji. Mikutano ya Baraza la Madiwani iko wazi kwa umma na kwa vyombo vya habari. Raia anaweza kuketi na kusikiliza, ingawa hana haki ya kuchangia au kupiga kura. Diwani wa kata ndiye anayepeleka hoja ya wananchi kikaoni, na ndiye anayepaswa kurudi kuwaeleza ilivyojibiwa.

Miradi mingi ya madarasa, zahanati na nyumba za watumishi hujengwa kwa mafundi wa eneo husika chini ya usimamizi wa kamati za wananchi. Kwa kawaida huwapo kamati ya ujenzi, ya manunuzi na ya mapokezi ya vifaa. Mgawanyo huo una maana yake. Anayenunua saruji hapaswi kuwa ndiye anayethibitisha kuwa imefika, na anayeithibitisha hapaswi kuwa ndiye anayeitumia. Palipo na kamati tatu zenye watu wale wale, uwazi umebaki jina tu.

Tuchukue mfano wa kijiji kilichopokea fedha za madarasa mawili. Ubao wa matangazo ukionyesha kiasi kilichopokelewa na tarehe, na daftari la mapokezi likionyesha mifuko ya saruji, mabati na nondo, fundi yeyote kijijini anaweza kukadiria kama vifaa hivyo vinalingana na ukuta uliosimama. Hahitaji kuwa mhasibu. Hapo ndipo taarifa inapofanya kazi yake: pale ambapo mtu wa kawaida anaweza kulinganisha alichoambiwa na anachokiona kwa macho yake. Tangazo linalosema tu kuwa Serikali imeleta fedha nyingi za maendeleo halimwezeshi kulinganisha chochote.

Aprili hadi Juni: kusoma ripoti ya ukaguzi

Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali hukabidhi ripoti zake kwa Rais kabla ya mwisho wa Machi. Kwa mujibu wa ibara ya 143 ya Katiba, ripoti hizo huwasilishwa bungeni ndani ya siku saba tangu kuanza kwa kikao kinachofuata, na kuanzia hapo huwa nyaraka za umma zinazopatikana kwenye tovuti ya Ofisi ya Taifa ya Ukaguzi. Ripoti ya mamlaka za serikali za mitaa huzitaja halmashauri kwa majina. Bungeni hupitiwa na Kamati ya Hesabu za Serikali za Mitaa, na katika halmashauri huitishwa kikao maalumu cha Baraza la Madiwani cha kujadili hoja za ukaguzi.

Msomaji wa ripoti hiyo anapaswa kuelewa neno moja linalopotosha wengi. Halmashauri inapopata hati inayoridhisha, maana yake ni kuwa hesabu zake zimeandaliwa kwa kufuata viwango na zinaonyesha hali halisi katika mambo ya msingi. Hati hiyo haisemi kuwa kila shilingi ilitumika kwa busara, wala kwamba hakuna hoja. Halmashauri yenye hati inayoridhisha inaweza kuwa na hoja kadhaa zilizoachwa bila majibu kwa miaka mfululizo. Kwa hiyo swali lenye tija linahusu hoja zilizofungwa, zilizobaki, na sababu za kubaki kwake.

Halmashauri inatakiwa kuchapisha hesabu zake zilizokaguliwa pamoja na ripoti ya mkaguzi katika ofisi zake. Mwananchi anayefika Laela, Matai, Namanyere au ofisi za Manispaa anaweza kuomba kuziona.

Jibu lisipotolewa

Mara nyingi swali lililoulizwa kwa staha katika ofisi ya kijiji hujibiwa papo hapo. Pale ambapo halijibiwi, Sheria ya mwaka 2016 inatoa njia. Mwombaji huandika barua kwa taasisi husika, akieleza jina lake, anwani yake na taarifa anayoihitaji kwa ufasaha wa kutosha ili itambulike. Barua isemayo "naomba taarifa zote za fedha" ni vigumu kujibika. Isemayo "naomba kiasi kilichopokelewa kwa ajili ya ujenzi wa zahanati ya kijiji chetu katika mwaka huu wa fedha, tarehe za kupokelewa na matumizi yake hadi sasa" haina pa kukwepea. Asiyejua kusoma na kuandika, au mwenye ulemavu unaomzuia kuandika, anaweza kutoa ombi lake kwa mdomo na afisa akaliweka katika maandishi.

Taasisi ina siku 30 za kumjibu. Inaweza kutoza gharama za kutoa nakala. Ikikataa, inapaswa kueleza sababu, na mwombaji anaweza kuomba mapitio kwa mkuu wa taasisi ndani ya siku 30, kisha kwa Waziri mwenye dhamana endapo bado hajaridhika. Kuharibu, kufuta au kuficha kumbukumbu kwa nia ya kuzuia isitolewe ni kosa chini ya sheria hiyo. Ni vema kubaki na nakala ya barua yenye mhuri wa kupokelewa, kwani siku 30 huhesabiwa kwa tarehe.

Kwa malalamiko na mapendekezo kuhusu huduma, Serikali ina mfumo wa e-Mrejesho unaopatikana mtandaoni na kwa simu ya kawaida kupitia *152*00#. Kwa tuhuma za rushwa, namba ya bure ya TAKUKURU ni 113.

Mipaka ya uwazi

Zipo taarifa ambazo sheria inaruhusu zisitolewe. Hizo ni pamoja na zinazohusu ulinzi na usalama wa Taifa, upelelezi unaoendelea, faragha ya mtu na siri halali za kibiashara. Mgonjwa wa zahanati ana haki ya kutotangazwa ubaoni, na jina la mtoa taarifa wa rushwa lina sababu ya kulindwa. Mipaka hiyo imewekwa kwa ajili ya kulinda watu na nchi. Bei ya bati, idadi ya mifuko ya saruji, jina la mzabuni aliyeshinda na salio la akaunti ya kijiji havimo ndani ya mipaka hiyo, na mtumishi anayelitumia neno siri kwa mambo kama haya anawanyima wananchi haki yao.

Uwazi humlinda pia kiongozi mwaminifu. Mwenyekiti wa kijiji anayebandika mapato na matumizi kila robo mwaka, akayasoma mkutanoni na kuyatolea maelezo, hana haja ya kujitetea dhidi ya minong'ono ya vilabuni na sokoni. Asiyefanya hivyo hushukiwa hata pale ambapo hakuchukua hata senti moja, na siku atakapowaomba wananchi wachangie mchanga na mawe ya mradi mwingine, mikono itakayojitokeza itakuwa michache.

Mkutano wa kijiji au mtaa ujao utakapotangazwa, kila kaya na itume angalau mtu mmoja, mwenye swali moja lililoandikwa kwenye karatasi: ni kiasi gani kilipokelewa, lini, na kimefanya nini. Jibu likitolewa, liandikwe chini ya swali pamoja na tarehe, na karatasi hiyo itunzwe pamoja na stakabadhi za mauzo ya mahindi. Baada ya miezi mitatu, katika mkutano unaofuata, itakuwa mahali pazuri pa kuanzia mazungumzo.